Remiksi za vibao vya zamani huharibikia kwenye besi

Mhariri,

Wapo wanaosema madijei wa leo, kwa remiksi zao (matoleo yaliyotengenezwa upya), wanaua vibao vya zamani vya hausi na tekno, muziki wa dansi wa mashine. Mara nyingi wanasema kweli, ila ukiwauliza kilichouawa ni nini, hujibu tu kwamba ya kale ni dhahabu. Kasoro ina mahali pake, na aghalabu iko chini ya Hz 120 (mitetemo 120 kwa sekunde), kwenye sauti nzito.

Kibao cha Chicago cha katikati ya miaka ya 1980 kina kiki yake (ngoma nzito ya chini) tayari, mara nyingi ya mashine ya ngoma ya Roland TR-909 iliyotoka 1983, pamoja na besi iliyopangwa kuipisha. DJ anaweka kiki mpya juu ya ile. Wimbi la moja linapanda huku la nyingine linashuka, yanafutana, kishindo kinapotea. Na kwa kuwa hazigongi sawia kila mara, baa moja (mapigo manne) huwa nzito, inayofuata nyepesi. Kwenye spika ndogo husikii kitu. Kwenye spika za ukumbi ni kama mtu anapiga godoro. Kuongeza sauti hakutibu. Ikate rekodi ya zamani kwa ekwalaiza (kifaa cha kupunguza au kuongeza sauti nzito na nyembamba) kuanzia Hz 120 kwenda chini, hata 150 ikibidi, kisha ipige besi upya noti kwa noti. Kama huiwezi, iache kiki ya zamani ifanye kazi yake, uiongezee mlio mfupi tu wa juu wa kugonga, usio na chochote chini ya Hz 200. Vyote vilivyo chini ya Hz 100 viwe mono, yaani sauti ileile kwenye spika zote mbili.

Kasi nayo ina gharama. Kutoka mapigo 120 kwa dakika hadi 128 ni nyongeza ya karibu asilimia 6.7. Ukiiongeza kama mtu anayeharakisha santuri, sauti inapanda zaidi kidogo ya nusu toni na mwimbaji anaanza kusikika kama mtoto. Ukitumia programu inayobana muda bila kupandisha sauti, hai-hati (matoazi madogo) zinakwaruza na makofi yanapoteza ukali. Kwa hiyo usibane wimbo mzima: bana sauti ya mwimbaji peke yake, ngoma zipange upya. Rekodi iliyonakiliwa kutoka santuri haishiki kasi moja mwanzo hadi mwisho, basi weka alama kila baa 8, usiamini namba moja inayotolewa na programu. Wala usivute kila pigo likae sawasawa juu ya mstari wa programu. Mapigo yanayochelewa kidogo ndiyo yanayotikisa kiuno. Ukiyanyoosha, umebaki na saa ya ukutani.

Santuri ikizunguka nje kidogo ya kasi yake, sauti huangukia kati ya noti mbili. Kinanda kipya kikipigwa juu yake kinachachuka. Rekebisha kinanda kiifuate rekodi, hilo ni rahisi na haliharibu kitu.

Programu za kutenganisha sauti ya mwimbaji na vyombo katika rekodi zimewapumbaza wengi. Sauti ya mwimbaji iliyotolewa humo inafaa ikiwa chini ya ngoma. Ngoma zikinyamaza, mabaki ya vyombo yenye mlio wa majimaji yanasikika wazi. Mahali hapo panahitaji rekodi asilia yenye kila sauti na chombo kwenye njia yake, kutoka kwa mwenye rekodi, ambaye utahitaji ruhusa yake hata hivyo. Ruhusa ni mbili: ya rekodi na ya utunzi. Kumwita mwimbaji mpya, bila kutumia chochote cha rekodi ya zamani, kunakuondolea ya kwanza tu.

Kuhusu kubana sauti kwa limita (kifaa kinachozuia sauti kupita kiwango) hadi wimbo wote uwe na ukubwa mmoja kama tofali, huduma nyingi za kusikiliza muziki mtandaoni huzipunguza sauti nyimbo zenye kelele kupita kiasi, kwa hiyo unapoteza kishindo cha mapigo bila kupata sauti kubwa zaidi. Mwachie fundi wa masta, anayekamilisha sauti ya mwisho ya wimbo, desibeli 6 za nafasi chini ya kiwango cha juu kabisa.

Mwisho, toeni matoleo mawili: fupi la redio, na refu lenye baa 32 za ngoma tupu mwanzoni na mwishoni. Bila hizo, DJ mwenzenu hana pa kuunganishia.

Mtayarishaji wa muziki