Barua ya wazi kwa Mkuu wa Chuo Kikuu cha Ljubljana: tunaomba maisha ya Fran Zwitter

Mheshimiwa Mkuu wa Chuo, shikamoo. Naandika kwa Kiswahili ili wenzangu wasome pia, najua chuo chenu hakikosi mtu wa kuwatafsiria. Ombi langu ni kwamba maisha ya Fran Zwitter, mwanahistoria wa Slovenia, yaandikwe kwa lugha tunazosoma sisi watu wa mbali, maana huyu alikuwa rekta wenu, yaani mkuu wa chuo, 1952 hadi 1954 na huku karibu hakuna anayemjua, kiukweli inauma.

Alizaliwa 1905 Bela Cerkev, kijiji cha Slovenia, enzi za mfalme wa Austria, akasoma Ljubljana, Vienna na Paris, af mwaka 1936 akatoa kitabu kuhusu idadi ya watu wa Slovenia toka karne ya 18. Wengine wataona hizo ni hesabu kavu tu, mi naona hapo ndo pana uzito, kwa sababu mipaka ya kule iligombewa kwa sensa. Sensa ya Austria ya 1910 haikuuliza lugha ya mama, iliuliza lugha unayotumia kila siku, sasa kibarua Mslovenia anayeshinda kwa bosi Mjerumani au Mwitaliano ilikuwa rahisi kuandikwa upande wa bosi wake. Halafu 1920 mkataba wa Rapallo, kati ya Italia na Yugoslavia, ukawapa Italia karibu robo ya ardhi ya Waslovenia, na mafashisti walipokamata nchi wakafunga shule za Waslovenia.

Ikaja 1941, Ljubljana ikachukuliwa na Italia, mwaka uliofuata mji mzima ukazungushiwa waya wa miba. Zwitter akawa upande wa OF, harakati ya ukombozi iliyoongozwa na wakomunisti, na kitu walichofanya Januari 1944 bado kinanishangaza mpaka leo. Yaani Wajerumani wako kila upande, dawa shida, chakula shida, halafu viongozi wa wapiganaji wanaamua kuanzisha taasisi ya sayansi kwenye eneo walilokomboa, wanamkabidhi Zwitter, kazi yao kukusanya vitabu na nyaraka na kuandaa hoja za mipaka kabla hata vita haijaisha! Walijua siku ya mezani itafika na anayeenda mikono mitupu ataamuliwa na wengine.

Siku ilifika kweli, kwenye mkutano wa amani wa Paris 1946, Zwitter akiwa mtaalamu kwenye ujumbe wa Yugoslavia, nchi ambayo Slovenia ilikuwa sehemu yake. Hawakupata yote. Mkataba wa 1947 uliwarudishia sehemu kubwa ya pwani na milima ya magharibi, lakini mji wa Gorizia ukabaki Italia, na Trieste nayo ikaenda Italia 1954. Ila walisikilizwa, na walikuwa na mtu wao wa kuongea kwa ramani na takwimu. Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani walipogawana ardhi yetu, ile iliyokuja kuwa mpaka wa Kenya na Tanzania, Mmaasai hakuulizwa na hakukuwa na Zwitter wetu pale, ndo maana hii habari inanigusa hivi.

Najua pia upande wa OF una doa. Mwaka 1945 baada ya vita, maelfu ya mateka waliuawa bila kesi, wengi kwenye misitu ya Kočevski Rog kusini mwa Slovenia, na familia zao zilinyamazishwa miaka mingi. Tafadhali hilo nalo liandikwe humo humo, msimpambe mtu wala upande wake, msomaji mwenye akili ataona mwenyewe taasisi ile ilikuwa kazi kubwa na mauaji yale yalikuwa uovu.

Kwa hiyo Mheshimiwa, kitabu kidogo tu kinatosha, kwa Kiingereza na Kifaransa, kiwe na ramani na habari za taasisi ya 1944, kiwekwe bure mtandaoni. Na wanafunzi wa kigeni wakifika hapo muhula wa kwanza wapewe hata kipindi kimoja juu yake. Mkikubali, kukileta kwenye Kiswahili tutafanya wenyewe, mi wa kwanza kujitolea.