Kutoegemea upande hupimwa relini na bandarini

Mhariri,

Kila vita vya Ulaya vinapoandikwa gazetini, maneno matatu hutumiwa kana kwamba ni mamoja: kutoegemea upande wowote, kutofungamana, na kuwa nje ya NATO. Ufini ilipoingia NATO tarehe 4 Aprili 2023, na Uswidi tarehe 7 Machi 2024, tulisoma kwamba zimeacha kutoegemea upande. Jambo hilo zilikwisha kuliacha zilipojiunga na Umoja wa Ulaya mwaka 1995. Kilichobaki kilikuwa kutofungamana, yaani sera ya kutoingia katika muungano wa kijeshi, na sera hubadilishwa na serikali iliyo madarakani. Austria iliingia Umoja huohuo, mwaka huohuo, lakini yenyewe imefungwa na sheria ya kikatiba ya tarehe 26 Oktoba 1955: haiingii muungano wa kijeshi, wala jeshi la kigeni haliweki kambi kwake. Kuifuta kunahitaji theluthi mbili ya kura bungeni. Naomba waandishi wenu waseme kila mara ni lipi kati ya haya wanalolizungumzia.

Kisheria, anayetangaza kutoegemea upande hujitwika kazi. Kazi zenyewe zimo katika Mikataba ya Hague ya mwaka 1907, wa tano kwa vita vya nchi kavu na wa kumi na tatu kwa vita vya baharini. Majeshi ya wanaopigana hayakatizi ardhi yake, wala misafara yao ya silaha. Kikosi kikikimbilia kwake, hukiweka kizuizini mbali na mapigano. Ndiyo maana mji wa Antwerp nchini Ubelgiji ulipoangukia mikononi mwa Wajerumani Oktoba 1914, Uholanzi ilijikuta na askari zaidi ya 30,000 wa Ubelgiji wa kuwalisha na kuwalinda, ingawa wananchi wengi waliwaonea huruma. Manowari ya anayepigana ikitia nanga bandarini kwake ina saa 24, isipokuwa nchi yenyewe imeweka kanuni nyingine. Mafuta hupewa ya kuifikisha bandari ya karibu ya kwao tu, na haiwezi kurudi kujaza tena katika nchi hiyo kabla ya miezi mitatu. Kampuni binafsi zinaweza kuuza hata silaha, serikali haiwezi. Na serikali ikiamua kuzuia biashara hiyo, lazima izuie kwa pande zote mbili sawasawa.

Watu hupenda kunukuu methali ya fahali wawili na nyasi. Kwa nchi hizi haifai. Nyasi hazina reli, hazina mgodi wa chuma, wala bandari isiyoganda majira ya baridi. Uswidi na Norway zilikuwa na vyote hivyo kati yao, na ndipo yalipoanzia masaibu yao.

Kuanzia Julai 1940 hadi Agosti 1943, Uswidi iliruhusu treni za askari wa Ujerumani waliokwenda na kurudi likizo kati ya kwao na Norway waliyokuwa wameiteka. Masharti yalionekana safi: idadi ya wanaoingia Norway ilingane na ya wanaotoka, ili jeshi la uvamizi lisiongezeke. Hesabu ilitimia, na bado ilikuwa kiini macho. Aliyechoka aliondoka, aliyepumzika akaja. Idadi ni ileile, nguvu si ileile. Safari hizo zilipita milioni 2. Juni 1941 ikaja hatua kubwa zaidi: Divisheni ya 163 ya Ujerumani, na silaha zake zote, ilisafirishwa kwa reli za Uswidi kutoka Norway hadi Ufini kwenda kupigana na Wasovieti. Serikali ya Uswidi ikasema ni mara moja tu. Kweli, ombi la divisheni nyingine lilikataliwa, lakini treni za likizo ziliendelea miaka miwili zaidi, hadi Ujerumani ilipoanza kurudi nyuma na jeshi la Uswidi lilipokuwa na meno.

Norway ilijikwaa kwa namna nyingine. Februari 1940 meli ya Ujerumani Altmark iliingia katika maji yake ikiwa imeficha mabaharia 299 wa Kiingereza, mateka waliotokana na meli zilizozamishwa Atlantiki ya Kusini. Maofisa wa Norway walipanda melini zaidi ya mara moja, wakakagua karatasi, wakaondoka bila kufungua vyumba vya chini. Usiku wa tarehe 16, manowari ya Uingereza Cossack iliingia Jøssingfjord, ghuba nyembamba ya Norway, askari wake wakairukia Altmark na kuwatoa mateka. Boti za Norway zilikuwa papo hapo. Zilipinga kwa maneno, hazikufyatua risasi. Wanasheria wanabishana hadi leo nani alivunja nini. Kwa maoni yangu, kosa la Norway ni kukagua nusu. Kama meli ina haki ya kupita tu, iache ipite na uilinde. Kama unaikagua, ikague hadi chini. Nusu ukaguzi uliiudhi London, na kutofyatua risasi kukaiaminisha Berlin kwamba pwani ile haina mwenyewe. Uvamizi ulikuja tarehe 9 Aprili.

Wengine huweka tumaini katika dhamana ya wakubwa. Hapo usome neno kwa neno. Ubelgiji ilidhaminiwa na mataifa makubwa matano katika Mkataba wa London wa 1839. Luxembourg ilipata mkataba wake mwaka 1867, ikakubali ngome yake ibomolewe, lakini dhamana yake iliandikwa kuwa ya pamoja. Waziri wa mambo ya nje wa Uingereza wakati huo, Lord Stanley, aliwahi kulieleza Bunge maana yake: hakuna mdhamini anayelazimika kutenda peke yake. Sasa, mdhamini mmoja akiwa ndiye mvamizi, hiyo “pamoja” itapatikana wapi? Wajerumani waliingia Luxembourg tarehe 2 Agosti 1914 na Uingereza haikuinua silaha. Waliingia Ubelgiji tarehe 4, na siku hiyohiyo Uingereza ikatangaza vita. Sababu zake zilikuwa nyingi, lakini mkataba wa 1839 uliipa pa kusimamia.

Uswisi haikutegemea karatasi pekee. Septemba 1939 iliita askari wapatao 430,000, katika nchi ya watu milioni 4 na kidogo. Mwaka 1940 marubani wake walitungua ndege za Ujerumani zilizoingia angani kwao, na walikuwa wakirusha ndege za kivita aina ya Messerschmitt zilizonunuliwa Ujerumani kwenyewe! Mkataba wa Hague unasema waziwazi kwamba kujilinda namna hiyo si kitendo cha uadui.

Lakini uaminifu wa kanuni nao una bei. Mwaka 2022 Uswisi ilifuata vikwazo vya Umoja wa Ulaya dhidi ya Urusi, jambo ambalo mikataba ya Hague haikatazi, maana inahusu mambo ya kijeshi. Papo hapo iliinyima Ujerumani ruhusa ya kuipa Ukraine risasi za milimita 35, zipatazo 12,400, za Gepard, mizinga ya kutungulia ndege, kwa kuwa zilitengenezwa Uswisi na mnunuzi alikuwa amesaini kutozikabidhi kwa mwingine. Msimamo ni sahihi kisheria. Matokeo yake, Ujerumani ilianzisha utengenezaji wa risasi hizo kwake, na wateja wengine wa viwanda vya Uswisi bila shaka waliona.

Austria iliwahi kufunga anga yake mwaka 1999, NATO ilipotaka kupita kwenda kuishambulia Yugoslavia bila idhini ya Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa. Ireland, isiyoegemea upande nayo, haina hata ndege moja ya jeti ya kivita ya kumfukuza anayepita. Na Moldova, ambayo waandishi huitaja kwa nadra, ina Kifungu cha 11 cha katiba ya 1994 kinachotangaza kutoegemea upande kwa kudumu na kukataza majeshi ya nchi nyingine kuwekwa katika ardhi yake. Askari wa Urusi wako Transnistria, eneo la Moldova lililojitenga. Walikuwepo siku kifungu hicho kilipoandikwa.

Msomaji wenu