Tozo za barabarani nazo zipigiwe hesabu

Mhariri, naomba kanafasi. Watu tukisafiri mbali tunapiga hesabu ya mafuta tu, tozo tunaikuta pale kwenye kizuizi, foleni nyuma inapiga honi na wewe unapekua mifuko. Ufaransa na Italia barabara kuu nyingi unalipia umbali, unachukua tiketi ukiingia unalipa ukitoka (ukiipoteza utajuta), Uswisi unanunua stika ya mwaka mzima hata kama unapita siku moja tu. Kwa hiyo linganisha njia kwenye ramani ya simu kabla hujatoka, ila jamani angalieni na mafuta, mimi nilishakwepa tozo nikazunguka vijijini masaa matatu, mafuta yakala hela kuliko ile niliyoikwepa.

Dereva msomaji wenu