Risala ya Kikundi cha Wahifadhi wa Kamera na Filamu za Upelelezi

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,

Tunakushukuru kwa kuacha majukumu yako mazito na kuja kufungua maonesho yetu.

Historia tutaigusa tu. Mwaka 1913 polisi wa London waliwapiga picha kwa siri wanawake waliofungwa gereza la Holloway kwa kudai kura, kwa lenzi ya kuvuta mbali. Mwaka 1938 Riga, mji wa Latvia, ikatoa kamera ndogo ya Minox, negativu yake milimita 8 kwa 11, inayonakili waraka kwa umbali wa sentimita 20. Wasovieti nao wakaificha kamera yao, F-21, nyuma ya kifungo cha koti, ikisogeza filamu kwa springi. Mwaka 1960 filamu ya setilaiti ya Marekani, Corona, ilishuka kwa parachuti na kudakwa na ndege angani. Setilaiti nyingine ya Marekani, KH-11, iliyorushwa Desemba 1976, ikaachana na filamu: picha zikashuka kwa mawimbi ya redio. Tangu hapo ushahidi wa kushikika mkononi umezidi kuadimika, ndiyo maana hizi filamu chache tunazing'ang'ania.

Mheshimiwa, mafanikio ni makubwa. Rafu zote zimepakwa rangi na daftari la orodha limepata jalada gumu.

Changamoto ni moja: filamu za asetati, aina ya plastiki, zinaoza. Zikioza hutoa asidi ya siki, na asidi hiyo huharakisha uozo. Filamu husinyaa, hujikunja, tabaka la picha likabanduka. Vijikaratasi vya kupimia asidi, ambavyo huanza na bluu, kwenye kasha la Minox vimeshageuka njano. Feni uliyoiona stoo inasambaza harufu tu.

Tunaomba friza lisilojenga barafu, pamoja na mifuko ya kuziba, miwili kwa kila filamu. Filamu ikitolewa hubaki mfukoni usiku kucha, la sivyo unyevu wa hewa hutua juu yake. Tunaomba pia trei ya skana ya milimita 8 kwa 11; ya milimita 35 huiacha negativu ikining'inia, pembe zikakosa fokasi.

Ombi hili si geni. Mgeni rasmi aliyekutangulia alituahidi friza hilohilo, tukampigia makofi na kumpiga picha akiahidi. Picha tunayo.

Kwa heshima na taadhima, tunaomba ahadi yako itajwe pamoja na tarehe. Katibu ameshika kalamu.