Kaka, umefikia wapi na ile dividii yangu?

Kaka, shikamoo.

Simu zangu hupokei, basi naandika hapa, najua utachungulia.

Nasikia binti yako analetewa posa. Akiwa na jambo, muulize pembeni. Usimfanyie uliyonifanyia mimi. Wazee wamekaa, kahawa haijapoa, ukatoka chumbani kwangu na dividii ya Tinto Brass, yule mwongozaji wa Italia wa filamu za uchi, ukaiweka kando ya halua. "Muulizeni anasomea nini Italia." Mama akainamia mkeka, hakuinua uso mpaka wageni wakaaga.

Ungeniuliza, ningekueleza. Labda nisingekueleza, lakini ungeniuliza.

Ile ilikuwa filamu yake La chiave, ya 1983. Wewe uliona jalada tu. Ndani mna Venice ya 1940, mafashisti wanatamba mitaani, na mume mtu mzima na mkewe wanaoandika kwenye madaftari yale wasiyoweza kuambiana, kila mmoja akijua mwenzake atasoma. Kisa chenyewe kinatokana na riwaya ya Tanizaki, Mjapani. Brass kakulia Venice hiyohiyo, mjukuu wa mchoraji, na kila chumba anakijaza vioo: mwanamke anajitazama yeye kwanza, ndipo wewe unamtazama. Hilo ndilo nililokuwa naliandikia tasnifu. Matako? Yamo, tena tele, na filamu zake za baadaye zilinichosha kwa sababu visa vimebaki visingizio. Sijasema ni mtakatifu.

Unajua kilichompata na filamu ya Caligula? Aliirekodi 1976, wakamnyang'anya kabla hajamaliza kuihariri, na mtayarishaji, Bob Guccione, akapachika vipande vya ngono alivyovirekodi mwenyewe. Ilipotoka 1979, Brass hakukubali kuandikwa mwongozaji wake. Nilikuwa maktabani nikisoma habari hiyo, machozi yakanitoka, wenzangu wakadhani nimefiwa. Nilikuwa naiona ile sahani ya halua. Dividii uliichukua juu ya rundo la karatasi, kaka. Karatasi zenyewe, tasnifu yangu nzima, uliziacha mezani.

Na sinema nani alinionyesha, kama si wewe? Tanga, umenipakata, picha ya Kihindi, wale wawili wakisogeleana unanifumba macho kwa kiganja. Nilikuwa nachungulia katikati ya vidole. Ulijua. Ulikuwa unacheka, na vidole hukuvibana.