Usiku wa mwaka mpya sisi wa Makobola hatulali

Mhariri naomba nafasi kwenye gazeti lako, barua hii nimeianza mara nyingi nikaichana.

Mi nimezaliwa Makobola, Fizi, mashariki ya Kongo, kando ya ziwa Tanganyika ukitoka Uvira kwenda kusini, sasa hivi naishi Kigoma na familia. Kila ikikaribia tarehe 30 Desemba nabadilika, nakua mkali, chakula hakipiti, na fataki za mwaka mpya zikianza najikuta niko chini ya kitanda, mke wangu keshajua, anafunga mlango anawaambia watoto baba anaumwa kichwa.

Mwaka 1998 nilikua na miaka 11. Vita ilianza tena Agosti, waasi wa RCD wakawa wanapigana na Mai-Mai, wanamgambo wa kienyeji, alafu hasira zikaja kwisha kwa raia. Waliua watu vijijini kwetu kuanzia 30 Desemba mpaka 2 Januari, na ripoti ya Umoja wa Mataifa ya 2010 inasema waliuawa watu zaidi ya 800. Mi sikuhesabu watu, ninachokumbuka ni harufu ya nyasi za paa zinavyoungua na mama alivyoniziba mdomo kwenye shamba la mihogo, akabana mpaka meno yakanikata ndani ya mdomo, na mpaka leo mihogo ikishakua mirefu siwezi kupita katikati yake.

Dispensari moja walinipa vidonge vya usingizi. Majirani wanasema nina majini. Wengine, na najua wanasema kwa upendo, wananiambia samehe usahau, ndugu yangu, ni zamani. Jamani nisahau vipi? Mdogo wangu hana kaburi, hana hata picha moja, amebaki kwenye kichwa changu tu, nikimsahau na mimi nani atajua kwamba aliwahi kuwepo?

Kinachonisaidia ni kukaa na wenzangu tuliovuka ziwa, wengine bado wako kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, tunaongea Kibembe, lugha yetu, mmoja anasimulia wengine wanalia, na siku hiyo nalala mpaka asubuhi. Kwahiyo ukiwa na jirani wa kule usimnyamazishe, muulize alikua anaishi na nani, kaa umsikilize hata akirudia yaleyale.

Na wewe mhariri, hatujaona mtu akishtakiwa, sikuombi mambo ya mahakama. Naomba tu tarehe 30 Desemba muandike majina ya vijiji vyetu hata pembeni ya ukurasa: Makobola, Bangwe, Katuta, Mikunga, Kashekezi.

Mkimbizi wa zamani, Kigoma