Mkwezi akianguka, msimpakie mshikaki

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wako wa barua niseme na wenzangu wa Kigoma, hasa sisi tunaoishi kwa mawese. Mikungu ikishachanganya kuiva, hatukosi kusikia kwamba mkwezi fulani kadondoka. Na kinachofuata ni kile kile: mmoja anamkamata kwapani, mwingine miguuni, wanamkalisha kwenye bodaboda katikati ya dereva na ndugu yake, kichwa kinaning'inia, safari ya zahanati. Wanafanya kwa upendo. Lakini kwa mtu aliyeumia mgongo, upendo wa namna hiyo ni hatari.

Nimestaafu uuguzi, na sehemu kubwa ya kazi yangu niliifanya chumba cha upasuaji. Watu wengi wanaujua mfupa, damu hawaifikirii. Wanaamini aliyepooza amepooza kwa kuwa pingili ya mgongo imevunjika ikakata ugwe wa mgongo, ile kamba ya neva inayopita ndani ya uti. Mara nyingine ndivyo. Lakini ugwe huo, ambao unene wake ni kama sentimita moja tu, unaweza kufa bila kukatwa na chochote. Unakosa damu, basi.

Unalishwa na mishipa mirefu mitatu: mmoja mbele, miwili nyuma. Ule wa mbele peke yake unabeba karibu theluthi mbili ya ugwe. Mishipa hii huanzia juu, karibu na fuvu, ila haina uwezo wa kufikisha damu mpaka chini. Lazima iongezewe na matawi yanayotoka kwenye aota, mshipa mkuu unaotoa damu moyoni, na yanayoufikia mshipa wa mbele ni machache mno. Kubwa kuliko yote linaitwa ateri ya Adamkiewicz, kwa jina la Albert Adamkiewicz, daktari wa Poland aliyechapisha uchunguzi wake mwaka 1881 na 1882. Kwa watu wengi liko kushoto, kati ya pingili ya 9 na ya 12 ya kifua. Katikati ya kifua, pingili ya 4 hadi ya 8, ndiko kwenye dhiki, kama shamba la mwisho wa mfereji: maji yakipungua, hilo ndilo la kwanza kukauka.

Daktari mmoja wa upasuaji niliyekuwa nikimsaidia alikuwa mtu wa soga. Akifungua kifua kusafisha TB ya mgongo, stori haziishi, mpaka afike kwenye vile vimishipa vilivyolala ubavuni mwa pingili. Hapo kimya. Alivifunga upande mmoja tu, tena katikati ya pingili, mbali na tundu ambamo neva hutokea, kwa sababu karibu na tundu ndiko vinakoungana na kusaidiana. Wanaopasua aota iliyovimba wana hofu hiyo hiyo, maana mgonjwa anaweza kuamka salama lakini miguu haina habari. Ndiyo maana baadhi yao hutafuta kwanza kwa picha tawi hilo limekaa wapi, na presha haiachwi ishuke ovyo.

Sasa nirudi kwa wakwezi. Niliwahi kumpokea kijana aliyetoka juu ya mchikichi mrefu, akaletwa mshikaki. Nilimchoma pini mguuni, hana habari. Nikamwambia afumbe macho, nikashika kidole gumba cha mguu pembeni, nikakipeleka juu. "Juu," akasema. Nikakishusha. "Chini." Kaka yake akashukuru Mungu kwa sauti: anahisi, basi atatembea! Ilibidi nimweleze taratibu kwamba hisia ile hupita sehemu ya nyuma ya ugwe, inayolishwa na ile mishipa miwili ya nyuma. Ya mbele, inayoamrisha miguu na kupeleka maumivu, ndiyo iliyokuwa imezimika. Miguu haikurudi. Sisemi ni pikipiki iliyomlemaza. Hilo hakuna awezaye kuliapia. Ninachosema ni kwamba presha yake alipofika ilikuwa 70 kwa 40, ndogo mno kuusukumia ugwe damu, na zahanati alikopitia hawakuwa wameipima.

Mbegu ya michikichi ya Tenera inayotolewa na TARI Kihinga, kituo cha utafiti wa kilimo, inazaa ingali fupi, mtu anavuna amesimama chini, na hiyo ni neema. Lakini michikichi ya babu zetu bado ipo, na vijana bado wanaikwea.

Basi akianguka, mwacheni alale. Mmoja ashike kichwa na shingo vinyooke na kiwiliwili, wengine watatu au wanne wamgeuze kwa pamoja, wamlaze chali juu ya ubao au mlango uliong'olewa, afungwe asisogee, afunikwe. Kama damu inatoka mahali, ibanwe. Asikandwe na mtu, hata kama mkandaji ni shangazi yake. Itafuteni pikapu hata kama itachelewa kidogo. Wenzetu wa mwambao wana nafuu, mtumbwi unamlaza mtu vizuri.

Kwa wenzangu wa zahanati: mtu huyu presha yake inaweza kuanguka hata bila kuvuja damu, hasa akiumia juu ya katikati ya kifua, na hapo mapigo yake huenda taratibu badala ya kukimbia. Msidanganyike. Namba ya juu isikae chini ya 90. Madaktari wa upasuaji wa neva wa Marekani, katika mwongozo wao wa 2013, walitaka wastani wa presha (si namba ya juu) ushikiliwe kati ya 85 na 90 kwa siku 7 za mwanzo, na sisi tunashindwa hata kufunga mkanda wa mashine mkononi kabla gari halijaondoka! Karatasi nyingi za rufaa nilizopokea ziliandikwa "ameanguka mtini", nafasi ya presha ikabaki wazi. Ijazeni, pamoja na saa mliyopima, na anayemsindikiza mgonjwa apewe mashine aendelee kupima njiani.

Muuguzi mstaafu,
Ujiji, Kigoma